Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara: Mavazi na Mishono kwa Wanawake Wenye Kifua Kikubwa

Wateja wengi wenye kifua kikubwa huanza kwa kuniomba radhi kabla sijashika tepu. "Samahani fundi, mimi nina maziwa makubwa, utanivumilia." Hakuna cha kuvumiliana. Nguo nyingi za dukani na mishono mingi ya mtaani imekatwa kwa kifua kidogo, na mwanamke analaumu mwili wake kwa kosa la mkasi. Haya ndiyo maswali yanayorudi kila wiki, na majibu ninayoyatoa. Kama swali lako limegusa jambo lililojibiwa kwingine, nimekuelekeza kwenye namba yake.

## Vipimo na sidiria

1. Nitajuaje kama kifua changu ni kikubwa kwa upande wa ushonaji?

Namba moja ya tepu haitoshi. Fundi huangalia tofauti kati ya vipimo viwili: kifua cha juu (tepu inapita chini ya makwapa, juu ya matiti) na kifua kamili (tepu inapita kwenye ncha za matiti). Patani za karatasi (vielelezo vya kukatia nguo) za kampuni kubwa za Marekani, kama Simplicity na McCall's, kwa kawaida huchorwa kwa tofauti ya inchi 2 hivi. Tofauti yako ikifika inchi 3 au zaidi, mkato wa kawaida utaanza kukusumbua.

Kwa hiyo dada mwembamba mwenye inchi 33 juu na 37 kamili anahitaji mkato wa kifua kikubwa. Mama mwenye 44 juu na 46 kamili hauhitaji, ingawa mwili wake ni mkubwa zaidi. Watu huchanganya unene na kifua, na hapo ndipo mwembamba anauziwa gauni linalompwaya kila mahali isipokuwa mbele.

2. Napimaje sidiria mwenyewe nyumbani?

Pima mara mbili. Kwanza chini ya matiti: tepu iwe sawa mbele na nyuma, ibane kidogo, utoe pumzi. Tuseme umepata inchi 34. Hiyo ndiyo namba ya mkanda. Pili, pima kifua kamili ukiwa umevaa sidiria isiyo na sponji, au umeinama mbele kama matiti yameshuka. Tuseme umepata 40.

Toa ya kwanza kwenye ya pili, na kila inchi moja ni herufi moja. Kwa vipimo vya Uingereza: 1 ni A, 2 ni B, 3 ni C, 4 ni D, 5 ni DD, 6 ni E, 7 ni F, 8 ni FF, 9 ni G. Kwa mfano wetu tofauti ni 6, hivyo sidiria ni 34E. Ukipata namba ya mkanda isiyogawanyika kwa mbili, kama 33, jaribu 32 na 34.

Baadhi ya wauzaji bado wanatumia njia ya zamani ya kuongeza inchi 4 kwenye kipimo cha chini ya matiti. Kwa njia hiyo mwanamke huyo huyo angeambiwa avae 38B, na matiti yangemwagika juu ya vikombe siku nzima. Usikubali hesabu hiyo.

3. Nimevaa 40C tangu nipo chuo. Mbona inapanda mgongoni na mikanda inanichimba mabegani?

Hili ndilo swali ninalolisikia kuliko yote. Kikombe cha 34E, 36DD, 38D na 40C kina ujazo uleule. Kinachobadilika ni urefu wa mkanda wa chini. Maduka yetu mengi hayaleti herufi zaidi ya D. Mwanamke wa 34E akifika dukani anajaribu kinachokuwepo hadi kikombe kimtoshe, anatoka na 40C. Kikombe kimetosha, lakini mkanda una inchi 6 za ziada.

Kazi kubwa ya kubeba matiti ni ya mkanda wa chini. Mkanda ukilegea unapanda mgongoni, matiti yanashuka mbele, na uzito wote unahamia mabegani. Ndipo unaona mitaro begani na maumivu ya shingo jioni. Kukaza mikanda ya juu kunazidisha tatizo, kwa sababu ndiko kunakovuta mgongo juu zaidi.

Kama duka lina namba kubwa ya mkanda tu, nunua hiyo uipeleke kwa fundi apunguze nyuma. Ni kazi ndogo: anafumua kipande chenye ndoano, anakata ziada, anarudishia. Isizidi inchi 2 au 3, la sivyo mikanda ya mabegani itasogea karibu na makwapa.

4. Ikivaliwa sawasawa inakaaje?

Mkanda uwe mstari mmoja mbele na nyuma, uingize vidole viwili tu chini yake. Kile kipande cha katikati kati ya vikombe kilale juu ya mfupa wa kifua. Waya uzunguke titi lote bila kulikalia ubavuni. Juu ya kikombe pasitokee mwinuko kama titi la pili.

Sidiria mpya ifunge kwenye ndoano ya nje kabisa, ile iliyolegea. Itakapovutika baada ya miezi, ndiyo unasogea ndani. Ukianza na ndoano ya ndani tangu siku ya kwanza, ujue mkanda ni mkubwa.

5. Lebo ya sidiria inasema 75F au 90F. Ni namba gani hizo?

Ni vipimo vya bara la Ulaya, kwa sentimita. 70 ni sawa na 32, 75 ni 34, 80 ni 36, 85 ni 38. Ufaransa na Hispania huongeza 15 juu yake, kwa hiyo 90 ya Ufaransa ni 75 ya Ujerumani. Herufi nazo hutofautiana baada ya D: Ulaya wanakwenda D, E, F bila DD, kwa hiyo 34E ya Uingereza ni 75F ya Ujerumani. Marekani wanaiandika 34DDD. Bandika hilo kwenye simu yako kabla ya kwenda Kariakoo.

6. Sidiria za mtumba zina namba kubwa nzuri. Ninunue?

Tanzania, Shirika la Viwango (TBS) limepiga marufuku nguo za ndani za mtumba. Ninaelewa kwa nini wanawake wa kifua kikubwa bado wanazitafuta: ndiko wanakopata F na G, na mpya za namba hizo ni adimu na ghali. Lakini ukiacha sheria na usafi, kuna jambo la ufundi. Nguvu ya sidiria iko kwenye mpira wa mkanda, na mpira uliokwisha kuvaliwa miaka miwili na mwingine hauna cha kukupa. Bora mpya mbili zinazokukaa kuliko za mtumba nane.

Na ukizipata, zitunze. Fua kwa mkono, usikamue kwa kuzungusha, anika kivulini. Jua letu la mchana linaua mpira haraka kuliko uvaaji wenyewe.

## Kwa fundi

7. Nimwambie fundi anipime wapi?

Wengi hupima kifua, kiuno, nyonga na urefu, basi. Kwako hiyo haitoshi. Omba pia kifua cha juu, chini ya matiti, kutoka begani hadi ncha ya titi, kutoka ncha moja hadi nyingine, na kutoka begani hadi kiunoni mbele na nyuma mbalimbali. Hicho cha mwisho ndicho kinachosahaulika. Kwa mwanamke wa kifua kikubwa, mbele huwa ndefu kuliko nyuma kwa sentimita kadhaa, kwa sababu kitambaa kinapanda mlima kabla ya kushuka.

Nenda kupimwa na sidiria utakayoivaa na nguo hiyo. Sidiria ikibadilika, ncha ya titi inahama hata inchi nzima, na mishono yote ya mbele inakuwa mahali pasipo pake.

8. Kwa nini gauni hunibana kifuani lakini linapwaya mabegani na mgongoni?

Kwa sababu fundi amechukua kifua kamili, akakigawanya kwa nne, akakata mbele na nyuma sawa. Mgongo wako haukuongezeka, kilichoongezeka ni mbele. Ukiwa na kifua cha inchi 42, mgao wa haki unaweza kuwa 20 nyuma na 22 mbele. Mabega na mashimo ya mikono yakatwe kwa kufuata kifua cha juu, kisha nafasi iongezwe pale penye matiti tu.

Fundi anayetumia patani anaweza kufanya hivi: achague saizi kwa kifua cha juu, apasue patani ya mbele kupitia ncha ya titi, aifungue kwa kiasi kinachokosekana. Kama kinakosekana inchi 2, anafungua inchi 1 kwa kila upande. Patani ikifunguka, inaongezeka upana na urefu kwa pamoja, na hapo lile tatizo la upindo wa mbele kupanda juu linaondoka lenyewe.

Usimwambie fundi "ongeza kidogo." Ataongeza ubavuni, na utarudi na gauni pana lenye tatizo lilelile.

9. Dati au mkato wa vipande?

Dati ni kile kikunjo kinachoshonwa ili kitambaa kifuate mwili. Kwa tofauti ya inchi 3 au 4, dati moja ya ubavuni na moja ya kiunoni zinatosha. Ziishie kabla ya ncha ya titi, sentimita 3 hivi. Dati inayofika hadi kwenye ncha inachongoka kama pembe, na hakuna pasi itakayoilaza.

Zaidi ya hapo mimi hupendelea mkato wa vipande, yaani ule mshono mrefu unaoanzia begani au kwenye shimo la mkono, ukapita juu ya titi, ukashuka kiunoni. Unaufuata mwili wote bila kukusanya kitambaa kingi sehemu moja. Pia ni rahisi kurekebisha: fundi anafumua mshono mmoja, anachukua au anaachia. Mwambie aache nafasi ya inchi moja ndani ya mishono hiyo. Mwili hubadilika, na gauni la kitenge zuri linadumu miaka.

10. Maua ya kitenge yaliniaibisha: duara mbili kubwa zilikaa juu ya matiti. Nizuieje?

Kabla ya kukata, tandaza kitambaa mbele ya kioo, kishikilie begani, uone duara linaangukia wapi. Ua kubwa likae begani, tumboni au kwenye sketi. Juu ya kifua weka sehemu yenye michoro midogo au iliyochanganyika. Kama kitenge chote ni maduara makubwa, fanya moja likae katikati ya kifua, kati ya matiti mawili, na mengine yaishie pembeni.

Ukishona kanga, kuna jambo la ziada: jina. Maneno ya kanga yakipita juu ya kifua yanapinda na hayasomeki, na watu watakodolea macho wakijaribu kuyasoma. Yapeleke kwenye upindo wa sketi au mgongoni. Pindo nalo linapendeza kwenye mikono na chini.

Loweka kitenge usiku mmoja kabla ya kukata. Pamba husinyaa, na gauni lako halina sentimita za kupoteza kifuani.

11. Kamati ya sendofu imegawa yadi 3 za sare kwa kila mtu. Hazinitoshi, nifanyeje?

Sema mapema, kabla ya vitenge kukatwa. Mkato wa vipande unakula kitambaa zaidi, na mtu wa kifua kikubwa akitaka gauni refu lenye mikono anahitaji yadi 4 au 5. Kitenge cha pisi moja kina yadi 6, kwa hiyo wawili wanaogawana pisi wanaweza kupeana 4 na 2, mmoja akashona sketi na blauzi ya kitambaa cha rangi moja.

Kama umechelewa, tafuta kitambaa cha rangi moja kilichomo ndani ya kitenge, ukitumie ubavuni na mikononi. Vipande vya ubavu vya rangi iliyoiva hupendeza sana, na hakuna atakayejua vilianza kama upungufu.

## Mishono inayovuma

12. Nataka koseti kwa ajili ya kicheni pati. Inafaa kwa kifua kikubwa?

Inafaa, na ikishonwa vizuri inakubeba kuliko sidiria. Ikishonwa vibaya ni mateso ya saa sita. Tofauti iko ndani, mahali ambapo picha ya mtandaoni haionyeshi.

Koseti ya kweli ina vikombe vilivyokatwa kwa vipande, bitana imara ya pamba isiyovutika, vijiti vya plastiki kwenye kila mshono, na utepe wa ndani unaofungwa kiunoni peke yake. Huo utepe ndio unaoshikilia vazi lote. Koseti nyingi za harakaharaka zina sponji mbili za duara zilizonunuliwa tayari, za saizi moja kwa wote. Kwa titi kubwa sponji hiyo inafunika ncha tu, kinachobaki kinamwagika juu na kwapani.

Uliza fundi maswali mawili: vikombe utakata mwenyewe? Nitajaribu mara ngapi? Akikuambia njoo siku moja kabla ya shughuli, tafuta fundi mwingine au chagua mshono mwingine. Angalau mara mbili za kujaribu, na ya kwanza iwe ya kitambaa rahisi.

13. Na gauni lililo wazi mabegani, bila kamba?

Kanuni ileile ya utepe wa kiunoni (swali la 12). Watu wanafikiri gauni hilo linashikwa na kifua, kwa hiyo wanalibana juu hadi kupumua kunakuwa kazi, na bado wanalivuta ukumbi mzima. Libane kiunoni na chini ya matiti, juu likae tu.

Tepu za kubandika matiti zinauzwa sana sasa. Kwa hali ya hewa ya pwani sizipendi kwa shughuli ndefu: jasho huachanisha gundi. Ukizitumia, jaribu kipande kidogo kwenye ngozi siku moja kabla, funika ncha kwa pamba, na uzitoe polepole kwa mafuta. Kuzivuta kavu kunachuna ngozi.

14. Gauni la kupishana mbele huwa linanifunguka. Lakini kila mtu anasema linanifaa.

Wanasema kweli, ila wanasahau kitambaa. Mbunifu wa mavazi Diane von Furstenberg alipolitoa gauni hilo mwaka 1974 alilishona kwa jezi, kitambaa kinachovutika na kulalia mwili. Sisi tunalishona kwa kitenge, ambacho hakivutiki kabisa. Kitenge kikipishana kidogo, ukikaa tu kinafunguka.

Mwambie fundi upande wa juu uvuke hadi ubavu wa pili, ashone utepe usiovutika ndani ya ukingo wa shingo ili usilegee, na aweke kifungo cha kubonyeza pale mipaka inapokutana. Mstari wa kiuno upite chini ya matiti, si juu yake. Ukikatisha titi katikati, hakuna kitakachosaidia.

15. Dera linanifanya nionekane kama hema. Niliache?

Usiliache, ni vazi letu la joto. Dera linaning'inia kutoka sehemu iliyojitokeza zaidi, na kwako ni kifua, kwa hiyo kiuno kinapotea. Shona kamba ndani ya dera, nyuma tu, ikifunga kiuno chako kwa ndani. Mbele kitambaa kinabaki huru. Au jifunge kanga nyepesi kiunoni kama mama zetu walivyofanya siku zote, na hilo hadi leo halijashindwa. Chagua kitambaa laini kinachoshuka. Dera la kitambaa kigumu linasimama.

16. Buibui langu mbele linapanda, nyuma linafagia.

Ni ule urefu wa mbele wa swali la 7. Mwambie mshonaji aongeze sentimita 3 hadi 5 mbele, azipunguze taratibu kuelekea ubavuni. Kitambaa cha nida au krepu nzito kidogo kinashuka vizuri kuliko chepesi kinachong'ang'ania. Buibui la kipepeo ni huru lakini linajaza ubavu wote; kwa kifua kikubwa lile lenye mabega yaliyokaa sawa na kupanuka kuanzia chini ya kifua linapendeza zaidi. Mtandio mrefu ulaze mbele ukiwa umetanda, usiukusanye kama fundo kifuani.

17. Pepulamu, mikono mikubwa, mapindopindo ya shingoni?

Pepulamu, yaani kile kipande kinachopanuka chini ya kiuno, ndiyo, ikianzia kiunoni hasa. Mikono iliyovimba begani ndiyo, kama shingo iko wazi. Ikiwa shingo imefunikwa, juu kunajaa mno. Mapindopindo juu ya kifua siyapendekezi. Mtu akiyapenda avae, ila yawe laini na yashuke wima.

## Kazini, mazoezini, mtaani

18. Shati la ofisini linapasuka kati ya vifungo. Niongeze saizi?

Nunua saizi inayotosha kifuani, kisha fundi apunguze kiuno na mabega. Kazi hiyo ni bei ndogo na shati linakuwa lako kweli. Kifungo kimoja lazima kikae sawasawa na ncha za matiti. Kama vifungo vya kiwandani havijapangwa hivyo, ongeza kifungo cha kubonyeza kilichofichwa katikati. Pini ya usalama ni ya siku moja, si ya kila siku.

19. Shingo ipi inanifaa?

Ya V, ya moyo, na ya mraba. Zote zinafungua nafasi kati ya kidevu na kifua, na hapo ndipo mwili unapata pumzi. V si lazima iwe ndefu: ikiishia sentimita chache juu ya mwanzo wa titi inafaa ofisini, msikitini na kanisani. Shingo ya juu kabisa inageuza kifua kuwa ukuta mmoja. Ukiipenda, ivae na koti lililofunguliwa mbele.

Mkufu mrefu unaoishia kwenye ncha ya kifua utakuwa unabembea. Mfupi, au unaolala juu ya kifua, unatulia. Mkoba wa kuvuka kifua unagawa matiti mawili na kukunja nguo. Ubebe begani au mkononi.

20. Nataka kuanza kukimbia lakini kifua kinauma.

Maumivu hayo si ya kuvumilia. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Portsmouth, Uingereza, wamepima na kuona kwamba matiti yasiyo na msaada huenda juu na chini, pembeni, na mbele na nyuma kwa pamoja, kama kuandika namba 8. Sidiria ya michezo inayobana tu inazuia sehemu ya mwendo huo. Kwa kifua kikubwa tafuta yenye vikombe viwili vilivyotenganishwa, mikanda mipana na ndoano nyuma. Ile ya kuvaa kwa kupitisha kichwani ni mara chache itoshe, na huwahi kulegea.

Sidiria ya michezo ni kitu cha juzi tu. Mwaka 1977 huko Vermont, Marekani, Lisa Lindahl, Polly Smith na Hinda Miller walitengeneza ya kwanza kwa kuunganisha mikanda miwili ya kiume ya michezo, ile ya kukinga sehemu za siri. Waliianzisha kwa sababu Lindahl alikuwa anataka kukimbia kama wewe.

## Hali za pekee

21. Napata upele na jasho chini ya matiti.

Ngozi ikigusana na ngozi kwenye joto na unyevu, fangasi hupata makazi. Oga, kausha kabisa kwa taulo kabla ya kuvaa, vaa sidiria ya pamba inayoinua titi ili ngozi zitengane, badilisha ikilowa. Ukiona wekundu, harufu au ngozi kupasuka, nenda zahanati. Kuna dawa za kupaka na zinafanya kazi. Usipake unga wa kupikia, nimeona watu wakifanya hivyo na hali ikazidi.

22. Ninanyonyesha. Ninunue sidiria sasa?

Nunua mbili tu, laini, zisizo na waya, za kufunguka mbele. Ukubwa hupanda na kushuka hadi maziwa yatulie, na waya unaokaa vibaya unaweza kubana mirija. Kwa nguo, zipu mbili zilizofichwa kwenye mishono ya mbele ya dera au gauni ni msaada mkubwa. Kushona nguo za kudumu subiri miezi kadhaa baada ya kumwachisha mtoto.

23. Binti yangu ana miaka 12 na kifua chake kimezidi cha wenzake. Anainama na hataki kuvua sweta hata kwenye joto.

Mama, hili lichukulie kwa uzito na kwa upole. Kuinama huko kunaweza kumkaa mgongoni miaka mingi. Mpime mwenyewe kama swali la 2, faraghani, bila kushangaa kwa sauti namba ikiwa kubwa. Mnunulie sidiria inayomtosha kweli, si ile ndogo ya "kumzuia asikue." Haizuii kitu, inamuumiza tu.

Shati la shule peleka kwa fundi kama swali la 18. Mvalishe fulana ya ndani ya pamba nyeupe ikiwa shati ni jepesi. Halafu zungumza na ndugu wa nyumbani: wajomba na mashangazi wanaotania kifua cha mtoto sebuleni waambiwe waache. Wateja wangu wazima, wakinisimulia walianza lini kujificha, wengi wanataja sentensi moja ya mtu mzima waliyemheshimu.

24. Titi moja ni kubwa kuliko jingine.

Ni kawaida kabisa. Vikombe vifuate lile kubwa, upande wa pili weka sponji nyembamba ya kutoa. Kwenye mkato wa vipande fundi anaweza kukata pande mbili kwa vipimo tofauti bila mtu kuona. Ila kama tofauti imetokea ghafla, au kuna uvimbe, ngozi kuvutika au chuchu kutoa majimaji, nenda hospitali kabla ya kuja kwa fundi.

25. Je, waya wa sidiria unaleta saratani? Na nilale nayo ili matiti yasilegee?

Utafiti wa kituo cha saratani cha Fred Hutchinson, Seattle, uliochapishwa 2014 na kuhusisha wanawake zaidi ya 1,000 waliokoma hedhi, haukuona uhusiano kati ya sidiria na saratani ya matiti, iwe na waya au bila. Kulala nayo ni hiari: wenye matiti mazito wengine hupata nafuu wakivaa laini isiyo na waya. Kulegea hutokana zaidi na umri, mimba, uzito kupanda na kushuka, na sigara.

26. Gauni limeshashonwa na halifungi kifuani. Shughuli ni Jumamosi.

Kwanza mwambie fundi afungue mishono ya ubavu aone amebakiza nini ndani. Kama ipo nusu inchi kila upande wa kila mshono, mbele na nyuma, umepata inchi 2 kuzunguka mwili. Kama haipo, aongeze kipande chembamba kirefu kutoka kwapani hadi nyonga, pande zote mbili, kwa mabaki ya kitambaa chenyewe au rangi inayooana. Njia nyingine ni kutoa zipu ya nyuma na kuweka matundu ya kamba, gauni lifungwe kwa kupishanisha kamba, na kipande cha kitambaa nyuma yake cha kuficha ngozi. Ukichagua hiyo, vikombe vya mbele viangaliwe upya, kwa sababu nafasi imeongezeka mgongoni na si penye matiti.

Ndiyo maana ukichukua nguo yoyote kwa fundi, daima omba na vipande vilivyobaki. Vifunge pamoja, andika ni vya gauni gani, uviweke kabatini.